Nilikuwa Ndani, Hawakujua

Assalamu alaikum, ndugu zangu, mnaougua na mnaouguza. Nitasema polepole kwa sababu ulimi wangu bado mzito, na nitasema Kiswahili ili hata wenzetu wasiojua Kisomali wapate kunisikia. Neno likikwama, msinimalizie. Ningojeni tu, litatoka.

Nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi hapa Garissa. Alasiri moja natia udhu uani, dunia ikazunguka. Birika likaanguka, nami nikaangukia hapo hapo. Ilikuwa kiharusi. Nilipozinduka hospitalini nilisikia kila kitu: magurudumu ya vitanda, mume wangu akiomba dua. Nikataka kumwambia, "Nipo." Mdomo haukufunguka. Nikaamuru mkono, nikaamuru kidole. Hakuna kilichonitii. Nilibakiwa na kope, na macho yaliyoweza kupanda na kushuka, basi.

Nikarudishwa nyumbani na mpira wa kulishia puani. Wageni walimiminika, kama ilivyo desturi yetu. Jirani mmoja akasema, "Maskini, mwenyewe ameshaenda. Hiki ni kiwiliwili tu." Mwingine akainama, akanichungulia. "Macho yako wazi, lakini ndani hamna mtu." Kisha wakanywa chai yao ya maziwa kando ya kichwa changu. Joto letu mnalijua. Nzi anatembea shavuni, mgongo unaniwasha hata natamani kupasuka, na wao wanabishana bei ya mbuzi! Chekeni tu, hata mimi sasa nacheka.

Lakini si hilo lililonivunja. Binti yangu mdogo alikuwa akitoka shule anakuja kunisimulia nani kapigana na nani. Siku moja mama mkwe wangu akamwambia kwa upole, "Mwache, mama hasikii." Mtoto akanitazama kidogo, kama anayechungulia nyumba iliyohamwa, akaenda zake. Tangu hapo alipita mlangoni bila salamu.

Ndugu zangu, nawaambia, hapo nilianza kujiuliza: mtu ni nini? Si mkono, maana mkono umelala na mimi nipo. Si ulimi, maana umenyamaza na humu ndani bado nasema. Nikajishikilia kwenye akili. Nilisoma Fatiha, nikapiga hesabu za darasa la sita, nikawaita wanafunzi wangu kwa majina. Lakini wallahi, mtu asiposemeshwa, hata akili inaanza kupotea njia. Ilifika mahali sikuwa na hakika. Je, kweli nipo, au wale wageni wanasema kweli?

Ndipo wazee wakakubaliana nipelekwe kwa jamaa zetu upande wa Liboi, nikaingoje siku yangu huko. Mume wangu alikataa, akakataa tena, mwishowe akanyamaza. Nilisikia gari likitafutwa. Huko hapakuwa na mtu wa kuutunza mpira ule. Nilijua nitakufa, na watanizika kwa mapenzi kabisa.

Asubuhi ya safari, gari liko nje, akaja eeddo yangu, yaani shangazi, dada ya baba. "Hatoki mtu hapa bila kuagwa," akasema. Akaketi mkekani, akanitazama usoni, akaanza kunisomea nasaba yetu, baba kwa baba, kama alivyonifundisha utotoni akinifinya sikio nikikosea. Sasa umri umekwenda. Akamruka babu mmoja. Nikakasirika! Ndani nikapiga kelele, "Umemruka!" Macho yakapaa juu.

Eeddo akaikatiza nasaba, akaniinamia. "Mbona unaniangalia hivyo? Nimekosea?"

Nikayapandisha tena.

"Kama nimekosea, funga macho."

Nikafunga.

"Fungua."

Nikafungua. Eeddo akapiga ukelele uliowatoa watu uani. "Njooni! Mwanangu yumo humu!"

Mume wangu akaja. "Eeddo, hiyo ni mishipa tu. Hospitali walituambia."

"Basi muulize jambo mnalolijua ninyi wawili peke yenu."

Akachuchumaa mbele yangu. Kabla ya binti huyu tulikuwa na mtoto mwingine, aliyezaliwa hana pumzi. Jina tulilokuwa tumemchagulia hatukumwambia mtu. Akaanza kutaja majina moja moja. Nikayakodoa macho. Alipolitaja lile, ambalo hata leo silitaji hapa, nikayafunga.

Nilipofungua alikuwa amejifunika uso kwa shali. "Ulikuwa unasikia yote?"

Nikafunga.

"Hata habari ya gari?"

Nikafunga.

Gari likaondoka bila mimi. Binti yangu akaandika herufi kwenye kadibodi, akawa anazipitishia kidole, nami nafunga macho kwenye ninayoitaka. Jamaa wote wakakusanyika kusubiri wosia. Neno langu la kwanza likawa MGONGO. Nilikunwa, Alhamdulillahi, siwezi kuwaeleza raha yake! Kisha yakaja mazoezi, na machozi mengi. Kidole kikaamka, na baadaye sana ulimi. Mkono wa kulia bado umelala, na kama mnavyoona, ninakalia kiti cha magurudumu.

Namshukuru Mungu. Namshukuru eeddo, aliyenisemesha wakati wengine wote walinisemea. Namshukuru dada mmoja aliyekuwa akija kunifanyisha mazoezi ya viungo; kila akiingia alibisha hodi kwangu mimi, si kwa mume wangu. Na binti yangu, mwalimu wangu wa herufi. Jirani zangu siwalaumu; waliangalia mwili, na mwili haukuwajibu.

Nilichojifunza ni kidogo. Akili yangu haikutosha kunifanya mtu peke yake. Nilihitaji mwingine anifikirie kuwa nipo. Kwa hiyo wewe unayeuguza, ukirudi nyumbani leo, keti mbele ya mgonjwa wako. Mwite kwa jina lake, msalimie. Halafu usiinuke. Ngoja akujibu.