Shemeji Hajala Siku Tisa

Kijiwe chetu ni ubao mmoja juu ya matofali, nje ya kibanda changu cha viatu, pale Mbinga mjini magari ya kwenda Mbamba Bay yanapopakia. Ubao ni wangu, kwa hiyo hapa naongea ninavyotaka. Asteria huweka jiko lake la mkaa pembeni akauza kahawa, na wateja wake wakubwa ni wazee watatu waliolima kahawa maisha yao yote na kuanza kuinywa juzi juzi. Wa kwanza ni Leopold, tunamwita Daktari kwa kuwa aliwahi kulinda geti la zahanati miezi minane. Wa pili ni Flaviani, tunamwita Malawi. Alivuka ziwa mara moja tu hadi Nkhata Bay, akakaa siku nne, na tangu hapo hajamaliza kusimulia. Wa tatu ni William, yaani Meya, ambaye hajawahi kugombea hata ujumbe wa nyumba kumi ila kila asubuhi anakagua mitaro ya mtaa. Alhamisi ile Meya alikuja amebeba karai, na ndani ya karai kulikuwa na kobe.

Kobe huyo tulikuwa tunamjua kwa sifa tu. Ni wa mke wake, Mama Glorious, amemfuga mwaka wa kumi na moja huu. Anamwita Shemeji, eti ndiye ndugu pekee wa mumewe anayekaa nyumbani bila kusema watu. Mwishoni mwa mwezi wa pili mama alikwenda Dodoma kumlea binti yao Glorious aliyejifungua, na alipopanda basi alimwachia mzee neno moja: umwangalie Shemeji. Kila jioni anapiga simu kuuliza kama Shemeji kala. Kila jioni Meya anajibu kala, kashiba, kalala. Sasa mama anarudi Jumamosi, na Shemeji ana siku tisa hajatia kitu mdomoni.

— Akinifia huyu, Hamphrey, mimi nahamia humu kibandani kwako.

Nikamwambia kibanda changu hakina nafasi, na sikuwa natania. Kisha nikamwuliza anampa nini. Hapo ndipo nilipoanza kuchukia. Ugali asubuhi, ugali jioni, na usipa wa kukaanga, wale dagaa wa ziwa letu, kwenye sahani ya wageni. Nikimsema naonekana mbaya, maana kwetu sote ndivyo tulivyolelewa. Mtu ambaye hajala ugali hajala, hata kama ameshiba viazi mpaka anahema.

Daktari alivaa miwani, akainama juu ya karai.

— Ugali uliusonga vipi?

— Wa kawaida.

— Laini au mgumu?

— Wa kati.

— Ndipo ulipomkosea. Gamba kama hili linajengwa na ugali mgumu. Wewe unampa laini, yeye anajiona amepewa uji wa mgonjwa, anakata tamaa.

Malawi alimsikiliza kwa huruma, kama anavyotusikiliza sisi sote ambao hatujavuka ziwa. Tatizo si ugali, alisema, tatizo ni usipa, samaki mdogo kwa mnyama mwenye heshima zake. Kule Nkhata Bay aliona kwa macho yake kobe wa ukubwa wa meza ya baa, anakula chambo mzima, yule samaki wao mkubwa, pamoja na mkia wake, na akimaliza anagonga mlango aletewe maji ya kunawa.

— Mchagua jembe si mkulima, alimalizia.

Nikamwuliza jembe limeingiaje hapo. Akasema nikatafakari nikiwa peke yangu.

Asteria, ambaye kwa kawaida hutuacha tubishane ili tunywe, aliuliza kama tumesahau mwezi huu ni Kwaresima. Kobe amekaa nyumba ya Wakatoliki miaka kumi na moja, anawaona wenzake wanafunga, naye si jiwe. Daktari akasema haiwezekani, hajabatizwa. Malawi akasema mbona wapo waliobatizwa wasiofunga, na akamtazama Daktari mpaka Daktari akahamia upande wa pili wa ubao.

— Tumalize kwa hekima ya wahenga, Daktari alisema kutoka kule. Mwenye njaa hana miiko. Huyu ana miiko. Basi hana njaa.

— Siku tisa, Daktari, alisema Meya.

— Siku tisa ni kwako. Huyu alianza kula enzi za Mjerumani. Siku tisa kwake ni kama wewe kutoka hapa kwenda chooni na kurudi. Na hata hivyo, kobe akiinama anatunga sheria. Mtakuja kumsumbua akiwa kwenye kifungu muhimu.

Malawi aliona aibu kupitwa. Akasema ukweli alikuwa anauficha kwa heshima ya Meya, lakini basi: kobe anasikia. Kila jioni anasikia anasingiziwa kwenye simu kwamba kala, na kobe ni kiumbe asiyeweza uongo. Amegoma. Mpaka Meya atubu, hali. Daktari naye akajibu kwamba dawa ya mgomo ni kahawa chungu, kijiko kimoja, na wala hakusubiri kuruhusiwa. Kijiko kilipofika puani, Shemeji alivuta kichwa ndani na kutuachia gamba.

Tulicheka. Mimi pia nilicheka, kisha nikamwona Meya hacheki, macho yamemlowa. Nikamwonea huruma sana. Sisi tulidhani anaogopa ukali wa mkewe, na Mama Glorious hana ukali wowote. Mzee alikuwa anaona uchungu kwamba mtu amemwachia kitu kimoja tu cha kuangalia, na hicho kimoja kimemshinda.

Kulikuwa na mama mmoja ameketi juu ya ndoo yake karibu na jiko, anasubiri gari lijae. Lidia jina lake, anapanda huku na usipa wa kuuza na kushuka Mbamba Bay ndoo ikiwa tupu. Alikuwa ametuamkia shikamooni tangu mwanzo, tukaitikia bila kumtazama. Kahawa yake ilipokwisha alirudisha kikombe kwa Asteria, akamgeukia Meya.

— Baba, mama mwenye kobe ana simu?

— Anayo.

— Mnaongea?

— Kila siku.

— Sasa kwa nini hujamwuliza kobe wake anakula nini?

Daktari alivua miwani, akaanza kuifuta kwa shati. Malawi aliangalia upande wa ziwa, ambalo kutoka hapa halionekani. Mimi mwenye mdomo kuliko wote nilichukua kiatu nikakigonga nyundo mahali pasipo na msumari. Meya alikuwa na siku tisa za kuuliza, sisi asubuhi nzima, na hakuna aliyewaza jambo hilo.

Meya alitoa simu, akapiga, akaweka spika kwa kuwa masikio yake si ya jana.

— Baba Glorious, mbona saa hizi? Shemeji kala?

Meya alitazama karai. Kisha akasema:

— Hajala. Nilikuwa nakudanganya. Leo siku ya tisa.

— Nilijua. Uliponiambia kamaliza ugali wote nikajua. Kobe gani anakula ugali? Majani, mume wangu, anakula majani. Mfungulie mlango wa uani aende nyuma ya nyumba akachume mwenyewe. Nyasi, mchunga, kishonanguo, ua la boga akilipata. Mimi namwongezea ganda la yai nililosaga, kwa ajili ya gamba lake, na maji kwenye karai anywe na kuoga. Papai kipande, Jumapili kwa Jumapili. Ukimpa kila siku anaharisha.

— Nyuma ya nyumba, alisema Meya.

Ilibidi aeleze. Alitaka mama arudi akute nyumba inapendeza. Kwa hiyo siku tisa zilizopita alifyeka nyasi zote za nyuma, akaziacha zikauke, akazipanga miraba miraba, akazifukia kwa udongo na kuacha mashimo katikati, zile ngoro zetu za milimani, na juu ya matuta akapanda maharage. Ngoro safi, hajaacha hata unyasi mmoja. Mmatengo mwenzetu yeyote akipita pale anamsifu.

Simu ilianza kukwaruza tukadhani mtandao unakatika. Kumbe mama anacheka, na mtoto kaamka analia nyuma yake.

— Umemzikia ndugu yako chakula chake chote, alisema.

Nyuma ya kibanda changu yapo magugu ambayo sikuwa nimeyafyeka tangu Krismasi, na siku hiyo nilijivunia uvivu wangu kwa mara ya kwanza. Tulimbeba Shemeji tukamweka katikati ya kishonanguo. Tukasimama mbali, wazee watatu, Asteria na mimi, na Lidia ambaye dereva alikuwa anamwita. Shemeji alitoa kichwa polepole. Akanusa. Akauma jani moja, akalitafuna bila haraka, akauma la pili.

— Anakula, Meya aliiambia simu, huku analia waziwazi na hajali.

— Mungu mkubwa. Na wewe, Baba Glorious, unakula?

— Nakula.

— Unakula nini?

Meya alinitazama. Nikamtazama Daktari, Daktari akamtazama Malawi. Mwezi mzima tulikuwa na mzee huyu kijiweni, na hakuna kati yetu aliyemwuliza. Shati lake lilikuwa linapepea mabegani kwa jinsi alivyokonda, na mimi ndiyo kwanza naliona.

— Baba Glorious, nakuuliza, unakula nini?