Yule Mwanamke wa Filamu ya Jumanne

Mbele ya sinema ndogo ya mji wa Kokura, Japani, pana benchi, na ubavuni mwake mashine ya kahawa ya makopo. Kila Jumanne, filamu ya zamani ikiisha, wazee watatu hukaa hapo kubishana: Reli, aliyestaafu kazi ya treni, Hakimu, ambaye hajawahi kuwa hakimu, na Meno, fundi wa meno ya bandia. Fusae, mjane wa mwanawe Reli, huitazama nao, kisha humsubiri baba mkwe na kumsindikiza nyumbani. Leo mkobani ana fomu ya ofisi ya kata, ile ambayo mjane huijaza akajitoa kwa wakwe bila kumwomba mtu ruhusa. Ameijaza tangu mwezi wa tatu. Kuipeleka ndiko kumemshinda.

Filamu iliisha mwanamke akifunga mlango wa wakwe zake, akaenda zake.

— Ana bwana huyo, alisema Meno. Nyumba yenye bustani haiachwi hivihivi.

— Bwana wapi! Anaenda kuwa mtawa, Reli akasema. Hukuona alivyokata kucha?

— Kucha na utawa wapi na wapi?

— Nyie hamna macho, Hakimu akadakia. Yule alishakufa! Tangu mazishi ya mama mkwe hatujaonyeshwa miguu yake hata mara moja. Mzimu yule, na mizimu haina miguu.

— Mzimu unapika supu ya miso?

— Kapika miaka kumi na moja, kuna aliyemwona?

Reli akacheka mpaka akakohoa.

— Wangu anapika kila siku na yu hai. Au siyo, mkwe?

— Ndiyo, baba, alisema Fusae.

Mama mmoja mwenye mwavuli akatoka sinema.

— Samahanini, niliingia nimechelewa. Yule mwanamke anaitwa nani?

Hakimu akachungulia kopo lake.

— Mkwe, wewe ulikuwa makini, alisema Reli. Anaitwa nani?

— Mumewe alimwita "wewe", watoto "mama", wakwe zake "mkwe". Jina hakuitwa, baba. Leo Meno atakusindikiza. Mimi napeleka karatasi yangu ofisi ya kata, ya kujitoa ukweni.

Akainama kwa heshima, akaondoka. Taa za barabarani zilikuwa nyekundu, akasimama.

— Mkwe! Reli aliita nyuma yake. Mkwe, ngoja!

Alingoja. Alimpa muda wote wa taa nyekundu.

— Mkwe!

Taa zikawaka kijani. Fusae akavuka.