Mwalimu Judy Jelimo Lusweti, Mwandishi wa "Kuwepo Bila Kufika" (1967–2025)

Mwalimu Judy Jelimo Lusweti alizaliwa tarehe 14 Aprili 1967 katika boma la babake, juu ya Kachibora kwenye vilima vya Cherangany. Alikuwa mtoto wa tatu wa hayati Mzee Kemboi na hayati Mama Joan. Kabla hajajua kuandika jina lake, alikuwa tayari anachora. Kila ng'ombe aliyepelekwa mnadani, Jelimo alimchora kwa mkaa kwenye ukuta wa jikoni, pembe na madoa yake, kwa sababu alisema hataki kumsahau. Wengine wangechapwa kwa kuchafua nyumba. Mama Joan alipokandika jikoni upya, aliuzunguka ule ukuta akauacha kama ulivyo.

Alisoma shule ya msingi pale Kachibora hadi mwaka 1980, kisha akajiunga na shule ya bweni mjini Kitale, alikokamilisha kidato cha sita mwaka 1986. Wenzake walimkumbuka kama msichana aliyeandika barua za nyumbani bila maneno mengi: alichora bweni, akachora sahani ya maharagwe, akachora uso wake umenuna, na Mama Joan, ambaye hakuwahi kukaa darasani, akazisoma mwenyewe. Mwaka 1991 alihitimu chuo kikuu jijini Nairobi kwa shahada ya usanifu wa michoro. Alipata kazi ya matangazo hukohuko mjini, akaifanya miezi michache tu, akarudi. Alipoulizwa kwa nini, alijibu kwamba Nairobi hakuna mahali unaposimama ukaona kwenu.

Kuanzia Januari 1992 alifundisha mawasiliano ya picha katika chuo kimoja cha ufundi mjini Kitale, kazi aliyoifanya hadi afya ilipomkatalia. Ni kazi hiyo iliyomkutanisha na Matthew Lusweti wa Kamukuywa, kijana daktari wa mifugo aliyekuja kuomba mabango ya kuwahimiza wakulima kuchanja ng'ombe. Jelimo alichora kichwa na mabega ya ng'ombe, makubwa, yakajaza bango zima. Lilipobandikwa sokoni Myanga, mama mmoja muuza ndizi alilitazama, akamtazama Matthew.

"Daktari, na hii nusu ingine mlikula?"

Soko lote lilicheka. Matthew alirudi Kitale na bango mkononi, akidhani atamkuta mchoraji amekasirika. Jelimo alicheka mpaka akaketi sakafuni, kisha akasema, "Ana haki bana. Mimi ndiye nimemkata ng'ombe wake." Walikwenda Myanga pamoja wiki iliyofuata na ng'ombe mzima, mwenye mkia. Huko njiani, Matthew husema, ndiko alikoamua. Walifunga ndoa kanisani Kamukuywa Jumamosi tarehe 17 Desemba 1994. Mungu aliwajalia watoto wawili, Linah na Kemboi. Na lile bango lilizaa kitabu chake cha kwanza, *Macho Yasome*, kilichotoka mwaka 2003, ambacho kinaeleza kwa Kiswahili chepesi namna watu wetu wanavyosoma picha.

Aliipenda ndoa yake na akawapenda watu wa Kamukuywa, nao wakampenda. Lakini wote mliokaa naye mnajua kwamba jioni zikiwa hazina mawingu alitoka nje akatazama upande wa Cherangany, ndipo akarudi kwa shughuli zake. Shemeji zake walijifunza kutomwita wakati huo.

Mwaka 2017 miguu ya Mama Joan ilikataa. Hospitali ilikuwa Kitale, na njia ya kupanda bomani ilikuwa mbaya, kwa hiyo Jelimo alimteremsha. Kwa kuwa desturi haimruhusu mama mkwe kulala chini ya dari ya mkwewe, alimpangia nyumba karibu na msikiti mjini, mlango wa pili kutoka kwa Bi Nasro Abdishakur, mwenye duka la kuchapa vitabu na kadi. Nasro akawa binti wa pili. Alimletea Mama Joan chai ya maziwa kila asubuhi, na kila asubuhi Mama Joan alimuuliza, "Leo ndiyo naenda nyumbani?"

Wakati huo Jelimo alikuwa ameanza kusoma habari za uhalisia pepe, yaani ile miwani mikubwa anayovaa mtu akajiona yuko mahali pengine, akigeuka huku na huku kama aliye pale. Aliiamini sana. Alikuwa akiandika kitabu cha kuwaeleza wasomaji wa Kiswahili kwamba umbali sasa umekwisha nguvu. Mwezi wa Agosti 2018 aliazima kamera inayopiga picha pande zote, akapanda Kachibora, akaisimamisha katikati ya uwanja wa kwao kutoka asubuhi hadi adhuhuri. Akarudi Kitale na furaha ya mtoto, akamvika mama yake miwani.

Mama Joan aliishika miwani kwa mikono miwili. Kisha shingo ikageuka polepole.

"Huyu kuku ni wa nani?"

Waliokuwepo walicheka. Akaendelea kutaja: mparachichi, kisiki cha kupasulia kuni, uzio wa jirani ambao bado ulikuwa umeinama. Machozi yalikuwa yanamtoka chini ya miwani, na Jelimo akadhani ni ya furaha. Ndipo mama akanyoosha mkono mbele, akasukuma. Akasukuma tena.

"Jelimo, mlango haufunguki."

"Hiyo ni picha, Mama. Mlango wa picha haufunguki."

"Nataka kuona ukuta wa jikoni."

"Ndani sikupiga, Mama."

Mama Joan aliivua miwani mwenyewe, akaiweka magotini. "Sasa umenipeleka mpaka mlangoni kwangu, ukaniacha nje."

Nasro, aliyekuwa pale, aliondoka kwenda jikoni akisema chai inamwagika. Hakukuwa na chai motoni.

Jelimo hakubishana. Jumamosi iliyofuata alikodi pikapu, akalaza godoro nyuma, akapanda na mama yake mpaka mahali gari lilipokwama. Kutoka hapo vijana wa kijiji walimbeba Mama Joan kwenye kiti, wakipokezana, naye akiwaelekeza njia kana kwamba hawaijui. Aliingia jikoni kwake, akaegemea ukuta wa ng'ombe, akaomba maziwa lala. Hakushuka tena. Alitunzwa na mwanawe Kipkemei, na Jelimo alipanda kila mwisho wa mwezi kulala naye, hadi Mama Joan alipoitwa na Mola mwezi wa Machi 2020.

Kitabu kilibadilika. Jelimo hakuikataa ile miwani. Alieleza uzuri wake wote, inavyoweza kumfundisha mkunga na kumwonyesha mtoto moyo unavyopiga. Lakini aliongeza sura kuhusu mlango. Mhariri wa kampuni iliyokuwa imekubali kukichapa alimwambia aiondoe, kwamba kitabu cha teknolojia hakipaswi kulia.

"Basi nirudishie mswada wangu," Jelimo akasema.

Alikaa na ule mswada karibu mwaka mzima, amevunjika moyo, mpaka Nasro alipoukuta juu ya meza. "Dada, si mimi nina mashine? Lete. Tutachapa na machozi yake." *Kuwepo Bila Kufika* kilitoka Kitale mwezi wa Juni 2021, na wengi wenu mnacho.

Mnamo Januari 2024 Jelimo alianza kupata shida kumeza. Madaktari wa Kitale walimpeleka Eldoret, na huko ikajulikana ni saratani ya umio. Alipokea matibabu kwa uvumilivu, Matthew akiwa kando yake kila safari. Kufikia Juni 2025 sauti ilikuwa imemwisha. Alirudia penseli. Alichora maji akitaka maji, na mchungaji alipoomba kwa muda mrefu mno alimchora mchungaji amelala, akamwonyesha. Mchungaji yuko hapa, atakubali.

Linah alikuwa Doha, anakofanya kazi ya uuguzi. Kemboi alikuja na kamera kama ile ya zamani, akitaka kumrekodi mama yake. Linah akamsihi kwenye simu: "Mum, kubali tu. Nikikumisi nitavaa ile miwani, ndio nikae na wewe."

Jelimo alichora kwa muda. Kisha akainua karatasi mbele ya simu. Alikuwa amechora kitanda, yeye mwenyewe ndani yake, na pembeni kigoda kitupu.

Linah aliisogeza simu karibu na uso. Baadaye akasema, "Sawa Mum. Nakuja."

Alifika katikati ya Agosti. Walikaa pamoja wiki zote zilizobaki, binti akimpaka mama mafuta miguuni na kumsomea. Siku moja Jelimo mwenyewe alimwita Kemboi kwa mkono, akaonyesha kamera, kisha akawaonyesha wote waje kitandani: Matthew, Linah, Kemboi, Nasro. Akarekodiwa hivyo, katikati yao. Mpaka leo hakuna aliyethubutu kuvaa miwani.

Mwalimu Jelimo alilala usingizi wa milele nyumbani Kamukuywa Jumatano tarehe 8 Oktoba 2025, saa nne asubuhi, mkono wake ukiwa katika mkono wa Matthew.

Ameacha mume wake, Daktari Matthew Lusweti. Watoto wake, Linah na Kemboi. Kaka yake, Kipkemei. Dada yake wa hiari, Bi Nasro Abdishakur. Pamoja na shemeji na wapwa wa Kamukuywa na Kachibora. Ameacha wanafunzi pia. Familia iliwatangazia wale walio mbali kwamba ibada hii itaonyeshwa mtandaoni ili wasihangaike kusafiri. Asubuhi hii wameingia tangu mapambazuko, wengine kutoka Mombasa na Garissa, viatu vimejaa tope. Tulipowauliza kama hawakupata ujumbe, walisema waliupata.

Udongo wa Kamukuywa umpokee taratibu, na Mungu ampe pumziko lenye amani.