Dada Fundi na Taa Nyekundu ya Kisanduku

Ndugu waombolezaji, familia imenipa mimi, mdogo wake anayemfuata, kazi ya kuwasomea maisha ya dada yetu, ambaye nyote mlizoea kumwita Dada Fundi, nami nitajikaza, maana hakuwa na subira na mtu anayesoma kwa kusitasita.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Machi 1974, katika chumba kilicho nyuma ya karakana ya redio ya baba yetu, akiwa wa pili kati ya watoto watano. Alianza shule ya msingi mwaka 1982, sekondari mwaka 1989, kisha akasomea ufundi wa umeme na kuhitimu tarehe 3 Juni 1995, msichana peke yake kati ya wavulana thelathini na mmoja, waliomcheka mwaka wa kwanza na kumwomba daftari mwaka wa pili. Aliajiriwa kutengeneza simu, akafunga ndoa na shemeji yetu, fundi cherehani, tarehe 11 Desemba 1999, wakajaliwa kijana mwaka 2001, na binti tarehe 20 Mei 2004, aliyezaliwa haoni.

Ni kwa ajili ya binti huyo aliacha ajira mwaka 2012, akageuza sebule kuwa karakana, shemeji akahamishiwa na cherehani yake barazani, akaunda kisanduku cha vitufe sita, ambacho mtoto asiyeona huandikia kwa nukta nundu, nacho kikamtamkia herufi na kuhifadhi maandishi yake.

Tarehe 6 Novemba 2017 watoto kumi na wanane walifanya mtihani wa kumaliza shule ya msingi kwa visanduku hivyo, sauti ikiwa imezimwa wasisumbuane. Chaji ilipokaribia kwisha, taa ndogo nyekundu iliwaka, kama alivyozoea kuiweka kwenye kila chombo tangu karakana ya baba, na kati yetu sote tuliokuwa tukiona hakuna aliyewahi kujiuliza ni nani ataiona. Visanduku kumi na kimoja vilizimika, watoto wakaendelea kuandika hadi kengele, binti yake akiandika dakika arobaini ambazo hazikuhifadhiwa popote. Dada alilia kwa hasira, akisema amewasahau walewale aliowatengenezea.

Watoto waliambiwa warudie mwaka, na ofisi ya elimu ikatoa nafasi moja tu ya majaribio, tarehe 20 Agosti 2018, visanduku vikishindwa vipigwe marufuku. Mwezi Februari daktari alimgundulia saratani ya ini, akamtaka alazwe, naye akamjibu kwamba ugonjwa hauna tarehe ya mtihani, ila watoto wanayo. Tulimgombeza, tukamnunia, na mimi nilimfichia vifaa vyake siku mbili, jambo ninalolijutia. Aliing'oa ile taa, akaweka kimota kinachotikisa kisanduku mara tatu kiganjani, yaani hifadhi ulichonacho, muda unakwisha.

Siku ya majaribio mkaguzi aliamuru chaji ipunguzwe makusudi, na kila mtoto ainue mkono akishahisi mtikiso na kuhifadhi, dada akakaa nje ya dirisha, amevimba miguu, amekamata mkono wa shemeji hadi ukafa ganzi, dakika zikapita, mikono ya watoto ikabaki mezani, nasi tukaanza kutazamana. Kisha mkono mmoja ukainuka, ukafuata mwingine, hadi yote kumi na minane, na hakuna kilichopotea. Kesho yake alikubali kulazwa.

Asubuhi ya tarehe 11 Septemba 2018 hakuweza tena kusema, binti yake ameketi kando ameshika mkono wake, nasi tukiwa ukumbini tukinong'ona. Alimbonyeza kiganja mara tatu. Binti akaelewa, akatuita, tukaingia wote, kila mmoja akamwambia lake, na saa nne na dakika ishirini akatutoka.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa wadi namba nne, waliovumilia nyaya chini ya mto, majirani waliotupikia na kulala nasi, mafundi wenzake, na hata mkaguzi, ambaye leo amekuja na ameketi nyuma kabisa.

Dada, ulitupa ishara mapema, na tulichokuwa nacho tumekihifadhi. Pumzika kwa amani.