Maiti Ameitiwa Kazi Kwao

Benchi lile liko Ménilmontant, mtaa wa wahamiaji huko Ufaransa, kati ya mkahawa wa Boussad na duka la mashine za kufulia nguo. Asubuhi za Oktoba jua hulifikia kwa saa moja tu, na saa hiyo wazee watatu hawaikosi. Slimane wanamwita Waziri, kwa kuwa alifagia vituo vya treni za chini ya ardhi miaka thelathini na hajawahi kukosa neno juu ya serikali. Belaid ni Profesa. Kazi yake ilikuwa kuyafungia magari mapya milango kiwandani. Wa tatu ni Arezki, mwigizaji, ambaye mtaa mzima unamwita Maiti. Amecheza filamu arobaini na moja za Kifaransa, na katika ishirini na sita ameuawa. Leo alikuwa na barua ya watu wa filamu, na jibu lilitakiwa kabla ya adhuhuri.

— Soma tena pale penye kijiji, alisema Waziri.

— Nimeshasoma mara mbili.

— Soma, bwana we, usituringie!

Maiti akasoma. Filamu ingepigwa Kabylia, kwao, milimani, ng'ambo ya bahari. Yeye ndiye mzee anayerudi nyumbani baada ya miaka mingi. Anabisha hodi, mama yake anafungua, naye anaanguka kizingitini, anakufa.

— Kumbe bado wanakuua! alisema Waziri.

— Mwishoni lakini, Maiti akajitetea. Zamani nilikuwa nakufa dakika ya kumi.

— Amepanda cheo, alisema Profesa. Mnakumbuka alivyoelea mtoni kifudifudi? Wahenga walisema, ukiona vyaelea, vimeundwa.

— Wahenga hawakumsema Maiti!

— Walimsema nani basi?

Maiti alicheka kidogo, akaikunja barua.

— Nimewaomba waniache niingie ndani, nikae, nile hata kijiko kimoja. Wamekataa. Wanasema nikila hakuna filamu.

— Kamera zao ndizo mbovu, alisema Profesa. Hazimwoni mtu wetu akiwa ameketi. Mimi ni mtu wa mitambo, najua.

— Mitambo gani, wewe wa milango? Hiyo ni serikali! Kuna ofisi kabisa. Mtu wetu mmoja akifa kwenye filamu, mwingine anapewa kibali cha kukaa.

— Basi changu kilitokana na yule wa mtoni. Ahsante, Maiti.

— Na changu, yule wa gereji, pale alipopigwa risasi. Mungu akulipe, ndugu yangu.

Ile ya gereji Maiti hakuipenda. Ilipoonyeshwa kwenye televisheni, kijiji chao kilikaa matanga, kikidhani amekufa kweli. Siku ya tatu alimpigia mama yake simu, naye akamuuliza kwa sauti ya upole kama huko aliko wanampa maji ya kunywa. Tangu siku hiyo, kila anapouawa kwenye filamu, mama huyo hupika kuskusi ya matanga na kuwagawia majirani, isije siku moja kifo kikawa cha kweli naye hajaomboleza. Sasa ana miaka tisini na mbili.

— Kutoka pale watakapopiga picha hadi kwetu ni kilomita kumi na mbili, alisema Maiti. Mtini wa uani kwetu unaonekana kutoka barabarani.

— Nenda basi!

— Nikamfie mama mlangoni, hata kama ni mlango wa kuazima? Watamwambia.

— Basi usiende!

Maiti aliikunjua barua, akaikunja tena.

— Baba alipofariki nilikuwa nimelazwa kwenye theluji, nacheza maiti. Picha haikuwa imekwisha. Nilipoinuka, walikuwa wameshamzika. Nirudi kwetu kwa uso gani? Lakini nikienda kikazi, ni kazi imenileta. Mtu wa kazini haulizwi alikuwa wapi.

Mwisho wa benchi alikuwa ameketi Tassadit, mama kijana aliyehamia ghorofa ya tatu wiki ile, mtoto mapajani, akingoja nguo zake. Alimgeukia Maiti.

— Samahani, ami. Bila filamu, huwezi kwenda?

Waziri akainywa kahawa ya Boussad iliyobaki kikombeni mwake. Maiti alingoja, kama alivyokuwa akingoja mbele ya kamera maneno yalipompotea, mtu wa pembeni amnong'oneze. Basi lilisimama mbele yao, likafungua milango, likaifunga, likaondoka. Hakuna aliyemnong'oneza jibu.