Vitabu Viwili, Uzi Mmoja: Maisha ya Mama Yeshimebet Wondafrash

Waombolezaji mliokusanyika chini ya hema la chama chetu cha mazishi, mapadri, majirani, na ninyi wasomaji wake mliotoka kila pembe ya Addis Ababa, familia inaomba utulivu wenu, ili tuyapitie pamoja maisha ya mama yetu.

Yeshimebet Wondafrash alizaliwa tarehe 9 Machi 1946 mjini Debre Birhan, kwenye baridi ya nyanda za juu, akiwa mtoto wa tatu wa Mzee Wondafrash Tekle, mfumaji wa mablanketi, na Mama Askale Hailu. Alijifunza herufi kwa padri, katika ua wa kanisa, akaingia shule ya msingi mwaka 1954, kisha akaletwa Addis Ababa kwa shangazi yake, akamaliza sekondari mwaka 1966.

Januari 1967 aliajiriwa katika kiwanda cha uchapaji, idara ya kujalidi, akashona vitabu vya kila aina, asubuhi hadithi ya mapenzi, mchana kitabu cha magonjwa ya ng'ombe, na kwa kuwa hakuweza kushona ukurasa bila kuuchungulia, akazoea kusoma hivyo, hiki na kile, bila kubagua. Tarehe 24 Januari 1971 alifunga ndoa na Mulatu Beshah, mwalimu wa jiografia, wakajaliwa watoto wawili, Hirut, aliyezaliwa Novemba 1972, na Dagim, aliyezaliwa Juni 1975.

Mwaka 1973 aliacha kiwanda, akafungua kibanda cha mabati cha kukodisha vitabu karibu na Piassa, na hapo akaweka sharti lililomfanya ajulikane, kwamba hakuna anayeondoka na kitabu kimoja, lazima viwili, kimoja cha kubuni na kimoja cha mambo ya kweli, vimefungwa pamoja kwa uzi wa pamba. Walalamikaji walikuwa wengi. Kijana mmoja alimwambia, "Mama Hirut, mimi nimeomba mapenzi, hawa nyuki wa nini?" naye akamjibu huku akikaza fundo, "Nyuki nao wana malkia wao, nenda kasome." Kijana yule leo ana mizinga, na yumo humu hemani.

Kisha ukaja mwaka 1977, mwaka wa misako, walinzi wa mtaa wa serikali ya kijeshi wakaingia nyumba baada ya nyumba, na mtu aliyekutwa na kitabu kilichokatazwa alichukuliwa hivyohivyo, kitabu chini ya kwapa lake. Marehemu alikuwa na kimoja, historia ya namna tawala za wanajeshi zinavyoinuka na kuanguka, na hakuwa na moyo wa kukichoma, basi akafanya alilofundishwa kiwandani, akakivua jalada lake, akakivalisha jalada la hadithi ya mapenzi lenye picha ya mwanamke mwenye mwavuli, na hadithi yenyewe, iliyobaki uchi, akaificha ndani ya pipa la unga wa teff.

Alhamisi, tarehe 21 Aprili, mama akiwa amempeleka Dagim zahanati, alifika kibandani Assegid, mlinzi wa mtaa, bunduki begani, akaomba kitu cha kumchangamsha lindoni. Mwalimu Mulatu, kwa woga na haraka ya kumwondoa, akampa kitabu kimoja bila mwenzake. Mama aliporudi aliuliza, "Umempa kipi?" naye akajibu, "Cha mwanamke na mwavuli," na mama akaketi palepale chini, mtoto mgongoni.

Kukimbia kungekuwa kukiri, kukidai kungekuwa kukiri zaidi, kwa hiyo aliendelea kufungua kibanda kila asubuhi, akakaanga kahawa kama kawaida, akasikia buti zikija, zikipita, zikirudi. Wiki ileile jirani mmoja alichukuliwa na hakuonekana tena. Mwalimu alinong'ona, "Nipeleke watoto Debre Birhan?" mama akasema, "Wapeleke, wewe ukae nao, mimi nitabaki nionekane kibandani."

Assegid alirudi kibanda kikiwa kimejaa wateja, akaweka kitabu mezani, akasema, "Dada, umenidhulumu." "Wengine wote unawapa viwili kwa uzi. Mimi mlinipa kimoja." Mama alikwenda kwenye pipa, akatoa ile hadithi, akaikung'uta unga, akaifunga na mwenzake. "Hiki mbona hakina jalada?" aliuliza mlinzi. Mama akamtazama usoni, akasema, "Jalada lake analo mwenzake." Assegid akaweka vitabu ndani ya koti, akafunga vifungo hadi shingoni, akasema, "Basi vikae pamoja," akaondoka, na hakuna aliyekuja kusaka kibanda kile.

Marehemu alifiwa na mumewe mwaka 2004, akaendelea na kibanda hadi 2018, alipoanza kusumbuliwa na moyo, akatibiwa, akapata nafuu, akalazwa tena Desemba 2020, na akafariki asubuhi ya tarehe 11 Januari 2021, kitandani pake pakiwa na vitabu viwili na uzi. Ameacha watoto wawili na wajukuu watano.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani waliopika na kukesha nasi, chama cha mazishi, na wauza vitabu wenzake wa Piassa waliofunga vibanda vyao leo. Tunamshukuru pia Mzee Assegid, aliyekuja jana na ile jozi kifuani, na alipoulizwa na Hirut kwa nini hakumshtaki mama, alisema, "Nilifika nusu ndipo nikajua ninasoma nini, na nilishataka kujua mwisho." Vitabu hivyo viko mezani karibu na jeneza. Atakayependa kuazima aazime, ila fundo lisifunguliwe mpaka afike kwake, na asichukue kimoja.

Mama Yeshimebet, vitabu vyako vimerudi vyote viwili. Pumzika kwa amani.