Tonton Cyril na Bundi Yake

Donc, mbele Hilde wa bureau anitume kuleta kahawa, nilikuwa nawaambia juu ya ule bundi. Bon, ngoja nianze vizuri, mwenye kufika leo asipotee. Tonton Cyril Wadlow, mujomba wetu Mwingereza, leo Jumapili, dimanche tarehe 30 juin 1996, anaenda retraite, anaacha kazi, njo tunamuaga. Vingt-deux ans, miaka ishirini na mbili, mu théâtre yetu hapa pembeni ya Porte de Namur!

Kazi yake ilikuwa mudomo. Mudomo tu! Kwao Angleterre alikuwa anapita ku télé, kati ya muimbaji na muntu wa mazingaombwe, analia kama ndege. Kuku, kasuku, njiwa wawili wanagombana juu ya kiota. Mwisho taa zinazimwa, bundi analia. Kisha wakubwa wa télé wakaacha kumuita. Akashuka treni ku Gare du Midi na valise moja ya nguo, akabaki.

Mara ya kwanza kumusikia, mimi nilikuwa napiga pasi nguo za wasanii nyuma ya rideau, ile pazia kubwa. Giza, halafu bundi. Mimi, mutoto wa Butembo! Kwetu bundi akilia juu ya nyumba hatunyamaze: unamutukana, unamutupia chumvi, apeleke kilio yake kwingine. Nikakamata chumvi ya jikoni, nikaingia mpaka mbele ya watu: « Toka, muchawi! Hapa hakuna maiti yako! » Watu walicheka mpaka machozi, walifikiri njo mchezo ya spectacle. Patron wa théâtre akasema maman Kahambu, fanya vile kila siku. Yeye bundi, mimi matusi. Tulipendwa, jamani!

Alors, mu mwaka 1989 nilishikwa na homa, sikukuja. Bundi akalia, hakuna mwenye kumutukana. Asubuhi papa Zuberi, muchunga mulango wetu, hakuamuka. Ku matanga Tonton aliketi chini na sisi, akaniuliza: « Maman, ni mimi? » Nikamuambia hapana, ni moyo ya Zuberi ilichoka. Hakuamini. Hakulia bundi tena. Ilibaki kuku na njiwa, na watu walicheka kidogo tu.

Lakini bundi yeye hakunyamaza. Siku moja, saa ya kula, Tonton ameketi mbele yangu, mudomo umejaa viazi, frites, tukasikia bundi mu chumba ya nguo. Rolande wa vestiaire, mwenye kupokea makoti ya watu, alisikia pia, muulizeni. Tulifungua: nguo tu, zinatikisika, na dirisha imefungwa. Tonton akaweka uma chini. « Ile ni sauti yangu, » akasema. Toka pale inalia, na kila mara inakaribia mulango, pale Zuberi alikuwa anaketi.

Juzi akanishika mukono: « Siwezi kuwaachia ninyi kitu kama ile. Dimanche nitamuita ule bundi, anifuate. Na wewe, Kahambu, usimutukane. Ukimutukana hatakuja kwangu. » Nikamuuliza, na akikufuata, Tonton, utafika wapi? Akacheka. Akaniagizia chai.

Bon. Tonton Cyril, hata kama uko kule nyuma ya rideau, asante kwa kicheko yote, asante kwa kuketi chini na sisi ku matanga. Mungu akupe usingizi mutamu, magoti yenye nguvu, na nyumba yenye hakuna kitu inalia ndani. Tunakupenda, na wale wenye maduka ya Galerie wanasema ukirudi—

Rolande ananiita. « Kahambu, kuja mbio! Taa zimezimwa, bundi analia, na Tonton hajafungua mudomo! Anaenda tu kule sauti inatokea! »

Naenda. Tonton anisamehe, mimi nitatukana.